Pembe ya Friji la Bahiya

Bi Mwanakhamis, shikamoo. Nakuomba unisikilize mpaka mwisho kabla hujanigombeza.

Niliolewa na Mundhir mwaka jana hapa mjini, na mahari yangu wazee waliyanunulia kitanda, kabati na vyombo vya jikoni kama ilivyo desturi, lakini mama mkwe wangu, Bi Kawthar, alitaka na friji, na tangu siku niliyoingia nyumbani kwake aliacha pembe moja ya ukumbi tupu, akatandika kitambaa cha kufuma sakafuni, na kila mgeni akija huonyeshwa, "Hapa ndipo litakapokaa friji la Bahiya," na mimi ndiye niliyekuwa nikiifagia hiyo pembe kila asubuhi, naye Mundhir anasikia na kuendelea kunywa chai yake. Mwisho Bi Kawthar akalitia jiko kufuli, akasema sipiki humo mpaka friji lije, nikawa nashinda na njaa, na wifi yangu Basma ndiye aliyekuwa akinipitishia mkate wa kumimina chini ya kanga.

Nikakimbilia kwetu Mtoni. Ami yangu Saud akanipeleka polisi, na tulipoulizwa ni nani walionitesa, akataja ukoo mzima kama watu wanaoalikwa harusini, eti tukimwacha mmoja wengine watanuna, nami nikaitikia kila jina, hata la Basma, hata la bibi yake Mundhir anayekaa Matemwe, ambaye sijawahi kuishi naye. Siku ya kesi bibi huyo akaja na pakacha la pweza mkavu, maana hasikii vizuri na alidhani tumeitwa kupatanishwa. Aliponiona akasema mbele ya hakimu, "Bahiya, mwanangu, mbona umekonda? Hawa hawakupi chakula?"

Watu wote wakacheka. Hakimu akaniuliza bibi huyu kanifanya nini, nikasema hajanifanya kitu. Akaifuta kesi yote, akasema tunaitumia vibaya sheria kuukomoa ukoo mzima.

Sasa Ami Saud anataka tukate rufaa, Mundhir anatuma watu nirudi, na Basma akinikuta Darajani anageuza uso. Mume wangu bado nampenda. Nifanye nini?

Bahiya, Mtoni

Marahaba, mwanangu. Nimesomewa barua yako mara mbili. Ya kwanza nilicheka mpaka nikashika mbavu, ya pili sikucheka. Sasa nikugombeze.

Kufungiwa jiko ni mateso. Asikwambie mtu kwamba kwa kuwa kesi imefutwa basi ulikuwa unadeka. Lakini wewe ulichomwa na mwiba mmoja, ukenda kumshitakia hakimu msitu. Ungemtaja mwenye kufuli ukanyamaza, pengine angeulizwa kufuli la nini. Ulipomtaja na aliyekulisha, hata mwenye kufuli akaonekana kaonewa. Na shahidi wako mwema kuliko wote alikuwa huyo bibi wa pweza. Wewe ukamtia katika washitakiwa.

Rufaa hapana. Ami Saud anakupenda, ila ana hasira za mtu aliyekwisha kula. Mwambie, "Ahsante, ami, basi."

Kisha nenda kwa Basma, tena bila ya maneno marefu. Mpikie mkate wa kumimina, umpelekee mchana watu wakiona, wala usiufiche chini ya kanga. Sema, "Nimekukosea, wifi, nisamehe." Akikutukana kidogo, pokea, unastahiki. Mkishapatana nendeni pamoja Matemwe mkamwombe radhi bibi, na useme kwa sauti, hasikii yule.

Mundhir je? Mume anayetuma watu bado hajaja. Aje mwenyewe Mtoni, akae mbele ya wazee wako, aseme kwa kinywa chake kwamba jiko lilifungwa naye akanyamaza. Halafu akutafutie vyumba vya kupanga, vidogo havidhuru, vyenye jiko lako. Akikubali, rudi, na usijivunge, ushasema unampenda nami nshasikia. Akikwambia umvumilie mama, abaki na mama. Na jiko likifungwa tena, nenda kwa kadhi na jina moja na jambo moja.

Bi Kawthar ni mama wa mumeo. Sikukuu ikifika nenda kamwamkie, umpelekee na sahani ya halua. Akikuonyesha ile pembe, kisifie kitambaa. Kufagia, afagie mwenyewe.