Ulezi Wenye Harufu ya Moshi

Matongo, 2 Agosti 2004

Mwanangu Wegesa,

Salamu nyingi. Hujambo huko Mwanza? Mimi mzima, ila mgongo. Kaka yako Marwa naye mzima, anachimba dhahabu.

Jamani, nimekuona! Dukani kwa Philomena, kwenye televisheni, umevaa kofia nyeupe, unapika mgagani kwa maziwa kama tunavyopika hapa, unawaambia watu kwamba vyakula vya bibi zetu haviichoshi ardhi. Uliposema "Shikamoo mama," niliitika "Marahaba!" kwa sauti, duka zima likacheka. Waache wacheke. Mikono ile nimeizaa mimi!

Ulezi ulioomba nimempa konda wa basi. Upike, watu wauone.

Mama yako

Mwanza, 25 Agosti 2004

Mama mpendwa,

Shikamoo. Mgongo unaendeleaje? Mimi mzima, ila moyo hautulii.

Nilifungua mfuko mbele ya kamera, niko tayari kusaga. Harufu ya moshi ikanipiga. Mama, ulezi wa kula hukaa ghalani. Unaotundikwa juu ya jiko, ushike moshi wadudu wasiuguse, ni mbegu. Ulinifundisha mwenyewe. Kwa nini umenitumia mbegu? Shamba limepatwa na nini?

Sikusaga. Nimeurudisha wote kwa konda yule yule. Tazama kipindi cha Jumamosi ijayo.

Mwanao Wegesa

Matongo, 19 Septemba 2004

Mwanangu,

Hatujambo, na wewe uwe mzima. Niliona aibu kukuambia. Marwa alichimba mashimo mawili shambani kutafuta dhahabu, akasema atalimaliza lote. Ghala ni tupu. Nikaona mbegu isiyo na shamba afadhali uipike wewe.

Jumamosi ile uliyosema nilikwenda naye kwa Philomena. Ukanusa mfuko. Kisha ukaufunga, ukasema, "Hii ni mbegu ya mama yangu. Haipikwi." Safari hii hakuna aliyecheka, hata wachimbaji. Miaka sitini na miwili sijaona kitu kama kile, mtoto yuko mbali ananisoma moyo mbele ya nchi nzima.

Marwa alitoka bila kuaga. Nilimkuta shambani na koleo, nikajua basi, kwisha. Kumbe anarudishia udongo! Shimo moja limefukiwa. La pili limemshinda, ni refu mno. Tutalizunguka.

Mfuko umefika. Nimeutundika pale pale juu ya jiko. Mvua zikianza, Marwa atalima, mimi nitapanda. Tutakachovuna ndicho utakachopika.

Mama yako