Nilikubali Jina Ambalo Sikulisikia

Mpendwa Dada Millicent, naomba unisaidie, mimi ni mlinzi huku ughaibuni, hapa West Bay, na nina simu ya zamani yenye vitufe ambayo naipenda kupita kiasi, naandika ujumbe bila hata kuitazama, na wenzangu wa chumba kimoja kule Muaither tunakolala wakinicheka nawaambia inaonyesha video vizuri kuliko zao. Ukweli haionyeshi. Mke wangu Wairimu, aliye nyumbani Nyahururu, hutuma video za binti yetu Shiru kwa simu ya Cyrus, mwenzangu wa chumbani, naye hunirushia, lakini kwangu hukwama katikati, Shiru akicheza mguu mmoja juu, na mwaka mzima nimekuwa nikijibu kwamba nimetazama hadi mwisho. Sasa Wairimu ana mimba ya miezi minane, ni mvulana, na kwetu Wakikuyu mvulana wa kwanza hupewa jina la baba wa mume, yaani baba yangu, mzee Gathogo, naye analisubiri kwa hamu. Juzi Cyrus akaniambia, "Buda, kumbe umepatia baba mkwe jina ya kijana? Uko na roho safi." Kumbe mwishoni mwa video moja, Shiru alipomaliza kucheza, Wairimu aliniomba mtoto aitwe Muriuki, jina la baba yake, nami nikamwandikia, "Sawa kabisa mpenzi, nimependa sana." Mzee Muriuki ameambiwa na amelia kwa furaha. Je, niseme ukweli, au niseme nimebadilisha nia? Nampenda mke wangu, sitaki anione mwongo.
Dedan

Dedan ndugu yangu, mwongo umeshakuwa, kilichobaki ni kuamua utaendelea hadi lini. Nimekucheka, kisha nikakuhurumia, maana umedanganya kwa mapenzi na kwa ukaidi wa kung'ang'ania simu hiyo.

Usithubutu kusema umebadilisha nia. Utamwaibisha Wairimu mbele ya baba yake kwa kosa lako. Mpigie leo ukitoka zamu, umwambie video ilikwama na ukaona haya kusema. Atanuna. Mwache anune, kisha umuulize kwa nini aliomba jina hilo, kwa sababu desturi anaijua kama wewe. Lolote mtakaloamua, wewe ndiye utakayewaeleza wazee wote wawili.

Ila kabla hujapiga, azima simu ya Cyrus. Mkeo huzungumza mtoto akimaliza kucheza, na wewe hujawahi kufika hapo. Mwaka mzima amekuwa akikusemesha, Dedan. Kaa chini uzitazame zote, umsikie.