Jina la Binti Yetu

Mwenzangu,

Sisi hatujambo, kasoro wewe. Cherehani yangu imetengenezwa. Dada yako aliolewa, watu wakakuulizia, nikawaambia kazi zimekubana. Jioni geti likilia bado natega sikio.

Binti yako ametimiza miezi minane. Shingo haijakaza, ila nikimwimbia hutulia. Yale uliyosema wodini, "Huyu si mtu," kisha ukachukua begi lako, sijamwambia yeyote.

Kwenye mafundisho ya ubatizo, katekista alitusimulia habari za Wakristo wa kwanza. Enzi zile mtoto akizaliwa dhaifu aliweza kutupwa jalalani, nao walikwenda kuwaokota watoto hao na kuwalea. Walisema kila binadamu, mwili na roho yake, ni sura ya Mungu.

Nikauliza, "Hata asiyeweza kuinua shingo?"

Mzee wa watu akavua miwani. "Hata huyo, mama. Utu haupimwi kwa nguvu."

Nikatoka nje nikalia mpaka mtoto akashtuka.

Tulikubaliana jina utalitoa wewe, kwa hiyo nilikungoja. Jumapili akabatizwa. Padri aliponiuliza, "Mtoto huyu anaitwa nani?" niligeuka nikautazama mlango wa kanisa. Hukuwapo. Basi nikalitaja mwenyewe, kwa sauti, kanisa zima likasikia.

Humu sikuliandika. Njoo, nitakutajia ukiwa umempakata.

Ni mimi, mkeo hadi leo.