Madoa Meupe kwenye Kucha Zangu

Jumapili, jioni

Nimewaficha wote jambo moja kuhusu kucha zangu, na kwa kuwa kifua hiki hakitanifikisha mbali, afadhali niliandike.

Tangu madoa meupe yatokee, boma zima limejaa wataalamu. Mwanangu ananinywesha maziwa. Mzee wa kanisa alisema ni upungufu wa imani, kisha akayamalizia maziwa yangu.

Mke wa mwanangu ndiye anayenipikia, lakini kwa mila yetu sisi Wakisii hawezi kunigusa mkono mimi baba mkwe wake. Kwa hiyo binti yangu Kemunto hulazimika kutoka Keumbu kila Jumapili, maana yeye ni Msabato na Jumamosi hakati kucha, anishike vidole na kuvikagua.

Leo amekuja na jibu la muuguzi.

"Baba, si ugonjwa, wala maziwa hayasaidii. Ukucha ukigongwa pale unapoota, doa hutokea, kisha husogea mbele ukikua mpaka likatwe. Unagonga wapi?"

"Ni uzee tu, mama."

Akakata kipande cha mwisho chenye doa. "Basi umepona. Tutaonana Disemba."

Alipoondoka nilichukua bakora, nikakigonga kidole gumba pale ukucha unapoota, kama ninavyofanya kila madoa yanapokaribia kuisha.