Neno Moja Juu ya Kopo la Shangazi Tellervo

Mwaka mzima umepita tangu utuache, Shangazi Tellervo, na bado tunabishana juu ya neno moja uliloandika kwa wino mwekundu kwenye kopo lako la mwisho la filamu: TAYARI.

Watu wa mtaa wetu wa Pispala wanakukumbuka kwa zile shuka. Ulizianika uani kwa Bibi Aune, ukarusha juu yake picha za midomo ya wanawake waliofuma naye kiwandani, kisha ukapita katikati ukinong'ona jina la kila mmoja. Bibi alipiga kelele dirishani, "Wee mtoto! Hizo nimezifua leo!"

"Ndiyo maana nimezichagua, mama."

Akashuka na ndara zake, akasimama mbele ya mdomo wa rafiki yake Hilja, marehemu, hadi ulipozima mashine ya picha.

Filamu zako ulizisafisha mwenyewe ndooni hadi picha zitokee, kwa kahawa na magadi. "Usinywe ya ndoo ya bluu," ulinionya kila nilipokuja. Nilikunywa mara mbili.

Mashairi yangu uliyasikiliza huku ukivaa soksi zisizofanana. "Otso, huo mshororo wa tatu unajisifu tu. Utoe." Niliutoa kwa hasira. Ulisema kweli.

Basi lile kopo. Baba alisema, "Kaandika tayari, yaani imekwisha. Tuipeleke jumba la sanaa."

"Tayari kuanza!" nikamjibu. "Shangazi alimaliza kitu gani maishani?"

"Wewe unajifanya unamjua kuliko mimi niliyezaliwa naye?"

Ndiyo, nilijifanya. Nikalifungua pale pale mezani, mchana wa Juni, nikaivuta filamu dirishani nione picha. Haikuwa na picha. Ilikuwa na rangi ya maziwa. Hapo nikajua haijasafishwa, na kwamba jua lilikuwa linaila mikononi mwangu.

Tuliisafisha hivyo hivyo. "Hiyo kahawa ni ya wageni," alisema Bibi, kisha akamimina pakiti nzima. Karibu yote ilitoka nyeusi. Ndani kabisa, mahali mwanga haukufika, zilibaki sekunde nne: wewe na koti lako la mvua, unaitazama kamera, unasema neno bila sauti.

Bibi alisoma midomo miaka thelathini katikati ya kelele za mashine. "Anasema tayari," akatuambia.

"Anauliza au anajibu?" Baba akauliza.

Bibi akaitazama mara tatu. "Mdomo hauna alama ya kuuliza, Ilpo."

Kilichofuata, kama kilikuwepo, nilikifuta mimi. Sijui kama nimekuua mara ya pili au nimefungua kopo tupu. Baba hanisemi. Afadhali angenisema.

Neno moja latuuma: tayari au tayari?
Kwa mikono nimezima ulichowasha kwa ari.

Jumamosi saa kumi na mbili jioni tutazionyesha zile sekunde nne uani kwa Bibi. Mliomfahamu, njooni. Atakayejua kama alikuwa anatuuliza au anatuaga, atuambie.

Ni sisi tusiopitisha siku bila kukutaja: mama yako Aune, kaka yako Ilpo, na mimi mpwa wako, Otso. Hutatutoka moyoni kamwe.

Bibi amefua shuka leo asubuhi, Shangazi. Amezianika mwenyewe, akarudi ndani, akasema tu, "Tayari."