Mjomba Anasubiri Neno la Daktari Ambaye Si Daktari

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako kabla mambo hayajaharibika zaidi.

Mimi ni mwigizaji, nina miaka arobaini na sita, niko ughaibuni mwaka wa kumi na tisa sasa, na si yule mwigizaji ambaye jina lake huandikwa juu bali yule ukimwona unasema huyu nimemwona wapi, nimekuwa jenerali, mchungaji, dereva wa teksi, balozi wa nchi tatu tofauti, na maiti mara sita, kwa maiti nasifiwa sana, mwongozaji mmoja alinishika mkono akasema hajaona mtu anayetulia kama mimi, na huku wakitaka mtu wa kutoka mbali huniita, nami humuuliza mtu wa mavazi leo natoka wapi, ananiambia, navaa, naingia kazini.

Tatizo lilianza mwaka wangu wa pili, nilipopata nafasi ya daktari wa upasuaji katika tamthilia, vipindi vinne, nikamtumia mama picha nimevaa koti jeupe bila kuandika maelezo, naye akaibandika sebuleni akawatangazia watu mwanangu amekuwa daktari, na nilipopiga simu kumsahihisha nikasikia anavyofurahi, nikasema nitamwambia wiki ijayo, na wiki ijayo ikawa miaka kumi na saba.

Sasa mjomba, kaka yake mama, aliyenilea baada ya baba kufariki, ameota uvimbe kooni, hospitali wamemwambia apasuliwe haraka, akawajibu hakatwi na watu asiowajua wakati ana daktari wa damu yake. Alinipigia, sauti imemkauka, akaniuliza, "Mpwa wangu, nikubali kisu au nisikubali? Utakalosema wewe ndilo." Nikafungua mdomo niseme ukweli, ikatoka ile sauti nzito ya tamthilia: "Tusiwe na haraka, mjomba. Tutazame kwanza inavyoendelea." Akasema ahsante daktari. Ni wiki tano sasa anatazama inavyoendelea, na mama anasema hamezi tena kitu kigumu. Nikisema ukweli namwaibisha mama mtaa mzima. Je, nimpigie tena kwa sauti ileile nimwambie akubali, kisha ukweli nitausema akipona?

Mwigizaji, Ughaibuni

Mwigizaji,

Barua yako sikuiacha isubiri zamu yake gazetini. Uliandika namba chini, nikakupigia siku ileile. Niliyokuambia nayarudia hapa, maana huenda wako wengine wanaoitwa kile wasichokuwa.

Pole, kwa sababu uongo huu ulianza kwa kumhurumia mama. Pole yangu inaishia hapo. Umemwacha mzee na uvimbe wiki tano kwa sababu ya sentensi ya kukariri! Na hiyo njia yako ya kumpigia tena kwa sauti nzito itupe: akikuuliza swali la pili utajibu nini, nawe una vipindi vinne tu? Anayekwenda kukatwa koo ana haki ya kujua anashauriwa na nani. Piga simu sasa, mama awepo, useme: mimi si daktari, sijawahi kuwa, waliokupima ndio madaktari, wasikilize.

Ukapiga, ukawaeleza yote. Jioni ukaniambia mjomba aliuliza, "Na yule mgonjwa wako wa kwenye televisheni, alipona?" Ukamjibu alikufa kipindi cha tatu. Akasema, "Basi nipelekeni hospitali."

Alipasuliwa siku nne baadaye. Madaktari wanasema wamewahi, kwa shida. Sauti yake haijarudi na huenda isirudi yote. Hilo ni lako, libebe.

Mama hapokei simu zako, na ana haki. Usimtume mtu akuombee radhi. Omba ruhusa kazini uende nyumbani, na wakikunyima nenda vilevile. Ukae na mjomba, umlishe, umwoshe. Na majirani wakija kumjulia hali, simama mlangoni uwaambie ukweli wewe mwenyewe, mmoja mmoja, mama asibaki na kazi hiyo.