Bega la Kushoto la Kontesa

Mama Kontesa,

Ni mimi, Rajabu, fundi cherehani wa Korogwe, yule uliyekuwa ukimfokea kwa kuchelewesha nguo na bado hukwenda kwa fundi mwingine. Mwandiko wangu ni huu huu, haukupata shule nyingine. Lakini kwa mkasi hajatokea wa kunishinda, na huku Guangzhou nimetafuta.

Nimekuona juzi. Tulikuwa tunakula mkahawani hapa mtaa wa Dengfeng, mimi na wafanyabiashara wa Kariakoo niliofuatana nao kununua makoti. Televisheni ya Wachina ikaanza kuonyesha picha za zamani, zile zisizo na rangi. Kitoto cha Kizungu kinavutwa juu ya theluji, nyuma ngome ya baba yake. Kisha bibi harusi, siku ulipoolewa na mtukufu wa Kizungu ukawa Kontesa. Kisha shamba lako la mkonge, milima yetu, na wewe juu ya farasi umevaa koti langu! Nilisimama na wali mdomoni, Mama. Halafu wakaonyesha jeneza, na wazee wenye nishani wamevua kofia. Ndipo nikajua umekufa. Hakuna aliyeniandikia.

Nikasema, "Koti lile nimeshona mimi." Wakacheka mpaka mpishi akachungulia. Sefu, mkubwa wa msafara wetu, anajua Kichina kidogo, na ndiye anayepanga nani akakague mishono kiwandani, kazi iliyonitoa mimi kwetu. Akaniambia, "Mzee, wanasema nguo zake zote zilitoka Paris. Wanasema alisimama wima kuliko wanajeshi. Sasa Korogwe inaingilia wapi hapo? Toa ushahidi, ukaguzi ni wako. Huna, ukafunge marobota na vijana."

Ushahidi ninao! Bega lako la kushoto, lililoporomoka vidole vitatu tangu farasi alipokubwaga. Na pamba niliyoipanga humo, tabaka juu ya tabaka, mpaka ukaonekana umenyooka. Neno moja tu, na Sefu angefyata ulimi. Lakini nikakumbuka ulivyovua shali ukanipa mgongo: "Rajabu, wanaolijua bega hili ni watatu. Mimi, wewe na farasi." Nami nikakuapia.

Basi nikanyamaza. Mimi! Marehemu mke wangu angekuwepo angeita mganga anitazame.

Tangu jana nafunga marobota kwenye ghala la barabara ya Guangyuan Xilu, na vijana wananiita "Mzee Paris." Waniite. Makoti waliyoyakagua wenyewe mikono imepachikwa ovyo, nimewaambia, hawataki kusikia. Watasikia Dar, kwa wateja.

Ila nimewaza sana juu ya zile picha. Wamekupiga mbele, nyuma, ubavuni, miaka na miaka, na hakuna kamera hata moja iliyoiona pamba yangu. Hao mafundi wa Paris waje wanionyeshe kazi kama hiyo.

Kwaheri, Mama. Pumzika ulivyo, hakuna tena haja ya kunyooka. Bega lako nitazikwa nalo mimi.

Fundi wako,
Rajabu